Oscar Micheaux: Mkulima aliyeshika kamera

Mwamba ngoma, walisema wahenga, ngozi huivutia kwake. Ndugu msomaji, huenda methali hii umeisikia mara nyingi katika mabishano ya urithi au ya mipaka ya mashamba, lakini hakuna mahali inapodhihirika wazi kama katika sinema. Anayeshika kamera ndiye anayeamua nani awe shujaa na nani awe mwizi. Nani aliliwe na nani achekwe. Mtazamaji aliyelipa nauli na tikiti, akaketi gizani pamoja na watoto wake, huyapokea yote yanayopita mbele ya macho yake, na mara nyingi hutoka amemeza hukumu pasipo kujua kwamba ilikuwa hukumu.

Makala haya yanamhusu mtu aliyelitambua jambo hilo zaidi ya miaka mia moja iliyopita, wakati sinema yenyewe ilikuwa bado bubu, picha zikitembea bila sauti. Jina lake ni Oscar Micheaux, Mmarekani mweusi aliyekuwa mkulima kabla ya kuwa mwandishi, na mwandishi kabla ya kuwa mtengeneza sinema. Kati ya mwaka 1919 na 1948 alitengeneza filamu zaidi ya 40 kwa fedha za kuungaunga, katika nchi ambamo mtu mweusi, katika majimbo mengi, hakuruhusiwa hata kuchagua kiti cha kukalia ndani ya jumba la sinema. Maisha yake yana fundisho kubwa, lakini si fundisho jepesi. Kwani uhuru alioutafuta aliupata, na gharama yake aliilipa mpaka mwisho wa uhai wake.

MTOTO WA ALIYEKUWA MTUMWA

Micheaux alizaliwa tarehe 2 Januari, 1884, karibu na mji mdogo uitwao Metropolis, katika jimbo la Illinois. Baba yake, Calvin, alizaliwa mtumwa katika jimbo jirani la Kentucky. Mtoto alizaliwa huru, miaka 18 tu baada ya utumwa kufutwa kwa sheria nchini Marekani.

Hata hivyo, sheria ni jambo moja na maisha ni jambo jingine. Katika majimbo ya Kusini, waliokuwa mabwana wa watumwa walibaki na ardhi, na waliokuwa watumwa walibaki na majembe. Mkulima mweusi alilima shamba la tajiri kwa mapatano ya kugawana mavuno, akikopa mbegu na chakula katika duka la tajiri huyo huyo. Ulipofika wakati wa hesabu, daftari lilikuwa mkononi mwa tajiri. Aliyethubutu kuihoji hesabu hiyo aliweza kuuawa na kundi la watu mchana kweupe, bila mashtaka wala hakimu. Naomba msomaji uikumbuke picha hiyo ya daftari, kwani tutairudia mbele.

Alipotimiza umri wa miaka 17, kijana Micheaux aliondoka nyumbani akaelekea Chicago. Baada ya kuhangaika na vibarua vya namna kwa namna, alipata kazi ya kuwahudumia abiria katika mabehewa ya kulala ya kampuni ya Pullman. Ilikuwa kazi ya kutandika vitanda, kung'arisha viatu na kubeba mizigo ya wasafiri weupe. Lakini miongoni mwa weusi ilihesabiwa kuwa kazi ya heshima, kwa kuwa ilileta mshahara na kumwonyesha mtu nchi. Micheaux aliiona nchi, akasikiliza mazungumzo ya matajiri, akaweka akiba.

Kwa akiba hiyo, yapata mwaka 1905, alinunua ardhi katika jimbo la South Dakota, nyanda za upepo na baridi kali, mahali ambapo karibu majirani wake wote walikuwa wazungu. Hapa yafaa kusema ukweli wote. Ardhi hiyo ilikuwa sehemu ya eneo la Rosebud, mali ya wenyeji wa asili wa kabila la Sioux, na serikali ndiyo iliyoitwaa na kuwafungulia walowezi mwaka 1904. Mnyonge mmoja alipata nafasi yake juu ya hasara ya mnyonge mwingine. Na ndivyo historia ya nchi nyingi ilivyoandikwa.

Majirani walidhani kijana huyo mweusi asingemaliza hata majira mawili. Alijifunza kulima kwa plau, akaongeza mashamba, akaheshimiwa. Mwaka 1910 alimwoa binti wa mchungaji wa Chicago, lakini ndoa ile haikudumu. Mtoto wao alizaliwa hana uhai, baba mkwe akamrudisha binti yake mjini. Mwaka 1911 ukame ukaikumba nchi, mazao yakakauka, na madeni yakala mashamba.

Wengi wangekata tamaa. Micheaux aliketi akaandika. Mwaka 1913 alichapisha kitabu kilichosimulia maisha yake mwenyewe, The Conquest, bila kutia jina lake. Alikibeba mkononi, akakiuza nyumba kwa nyumba kwa wakulima wale wale waliomwona akilima. Mwaka 1917 akatoa kingine, The Homesteader, yaani Mlowezi. Hivyo kabla hajaigusa kamera alikuwa amekwisha kujifunza somo moja: usingoje mchapishaji aje mlangoni kwako, bisha wewe mlango wa msomaji.

WATU WALIPOHAMA

Wakati Micheaux akiuza vitabu, jambo kubwa lilikuwa likitokea katika nchi yake. Vita Kuu ya kwanza ilikuwa imeanza Ulaya mwaka 1914. Wahamiaji kutoka Ulaya, waliokuwa wakijaza viwanda vya Marekani, wakaacha kuja; na viwanda vikahitaji mikono. Weusi wa Kusini wakaanza kufunga mizigo. Walipanda garimoshi kwa maelfu wakielekea Chicago, Detroit, New York na Philadelphia, wakiacha nyuma daftari la tajiri na kamba ya muuaji. Kuhama huko kuliendelea kwa vipindi mpaka mwaka 1970, na watu wapatao milioni 6 waliondoka Kusini.

Mjini Chicago peke yake, weusi waliokuwa yapata 44,000 mwaka 1910 walikuwa wamefika 109,000 ilipofika mwaka 1920. Gazeti lao, Chicago Defender, lililoanzishwa mwaka 1905, liliwahimiza ndugu zao waje. Na wahudumu wa mabehewa ya Pullman, wenzake Micheaux wa zamani, ndio waliolisafirisha kwa siri hadi vijiji vya Kusini.

Wewe msomaji unayeishi mjini, na ambaye pengine baba au babu yako alitoka shamba akiwa na sanduku moja, unaweza kuelewa bila maelezo mengi. Mtu aliyezoea jua na jembe anaingia katika kengele ya kiwanda, chumba cha kupanga na mshahara wa wiki. Jumamosi ana senti mfukoni na kiu ya kujiona. Anataka kujua yeye ni nani katika maisha haya mapya. Akaingia katika jumba la sinema kutafuta jibu. Na je, alikuta nini?

Mwaka 1915 alikuta The Birth of a Nation, yaani Kuzaliwa kwa Taifa. Mtengenezaji wake, D. W. Griffith, alikuwa mzaliwa wa Kentucky, jimbo lile lile alikozaliwa mtumwa baba yake Micheaux; lakini baba yake Griffith alikuwa ofisa katika jeshi la Kusini lililopigana kuutetea utumwa. Filamu ile ilikuwa ndefu na yenye ufundi ambao haukuwa umeonekana. Ufundi wote huo ulitumika kuwaonyesha weusi kama wajinga na wanyama wanaowawinda wanawake weupe, wakiigizwa mara nyingi na wazungu waliojipaka masizi. Mashujaa wake walikuwa Ku Klux Klan, genge la wauaji waliofunika nyuso. Filamu ilionyeshwa hata katika Ikulu ya Marekani. Na mwaka huo huo genge hilo, lililokuwa limezimika, likafufuliwa. Weusi waliandamana na kushitaki, lakini katika miji mingi filamu iliendelea kuonyeshwa. Kumbe kulalamika dhidi ya picha hakutoshi. Picha hujibiwa kwa picha.

ALIPOKATAA KUUZA HADITHI TU

Mwaka 1918 ndugu wawili weusi, George na Noble Johnson, waliokuwa na kampuni ndogo ya filamu iitwayo Lincoln Motion Picture Company, walitaka kununua haki ya kukigeuza kitabu The Homesteader kuwa sinema. Kwa mwandishi aliyekuwa akiuza vitabu kwa miguu, hiyo ilikuwa bahati ya mtende kuota jangwani. Micheaux alikubali, kwa sharti moja: aongoze filamu hiyo yeye mwenyewe.

Ndugu hao walishangaa, na mshangao wao ulikuwa na sababu. Mtu huyu hakuwahi kusimama nyuma ya kamera hata siku moja. Mazungumzo yakavunjika. Hapo Micheaux akafanya kama alivyofanya kwa vitabu. Alianzisha kampuni yake mwenyewe, akawarudia wakulima wa nyanda zile, wengi wao wazungu waliomfahamu kama mtu asiyevunja ahadi, akawauzia hisa. Mtaji ulipopatikana alikusanya waigizaji, akapiga picha, akakata na kuunga.

Tarehe 20 Februari, 1919, The Homesteader ilionyeshwa mjini Chicago, ikiwa filamu ndefu ya kwanza kuongozwa na Mmarekani mweusi. Baadhi ya wachungaji wa mji huo walitaka ipigwe marufuku, kwa kuwa ndani yake mlikuwa na mchungaji mnafiki. Na wengi walimtambua ni nani aliyekusudiwa. Marufuku haikufaulu, na watu walijaa. Katika hatua hiyo ya kwanza tayari unaona tabia ya kazi zake zote: hakuja kuwapamba watu wake. Alikuja kusema nao.

MAJIRA YA DAMU

Miezi mitano baadaye Chicago iliwaka moto. Tarehe 27 Julai, 1919, kijana mweusi aliyekuwa akiogelea katika ziwa alivuka mpaka usioonekana, akaingia upande wa wazungu, akapigwa mawe, akafa maji. Polisi walikataa kumkamata aliyetuhumiwa. Fujo zilizofuata ziliua watu 38, weusi 23 na wazungu 15. Zaidi ya 500 walijeruhiwa, na familia za weusi zipatazo 1,000 zilibaki bila nyumba. Wanajeshi weusi waliorudi kutoka vita vya Ulaya, walikokwenda kupigana kwa jina la uhuru, waliikuta nchi yao ikiwawinda.

Nusu mwaka haujapita, Januari 1920, Micheaux alileta mbele ya watu hao hao filamu yake ya pili, Within Our Gates, yaani Ndani ya Malango Yetu.

Hadithi yake ni hii. Sylvia Landry, mwalimu mweusi, anafundisha katika shule maskini ya Kusini inayokaribia kufungwa kwa kukosa fedha. Anasafiri kwenda Boston, kule Kaskazini, kutafuta dola 5,000. Katika safari hiyo tunakutana na watu wa kila aina: daktari mweusi mwenye mawazo ya maendeleo, tajiri wa kizungu mwenye huruma, na mwingine anayemshauri asitoe senti kwa ajili ya elimu ya weusi. Tunakutana pia na mchungaji mweusi anayewahubiria waumini wake waridhike na unyonge wao duniani, ili yeye mwenyewe apendwe na wazungu. Mchungaji huyo, akiisha kupigwa teke na kuchekwa na hao anaowatumikia, anabaki peke yake na uso wake unabadilika. Anajua kwamba amewauza ndugu zake. Kwa sinema ya mwaka 1920, hilo lilikuwa jambo zito kulionyesha.

Kisha filamu inarudi nyuma kusimulia ujana wa Sylvia, na hapa ndipo lilipo daftari tuliloliacha. Baba yake wa kulea, Jasper Landry, ni mkulima wa kugawana mavuno. Amejinyima ili binti asome; na binti aliyesoma amemwandalia hesabu za shamba. Siku ya malipo Landry anakwenda kwa tajiri, safari hii akiwa na hesabu yake mwenyewe mkononi. Wakiwa katika mabishano, mzungu mmoja maskini, ambaye naye alikuwa amedhulumiwa na tajiri huyo huyo, anampiga tajiri risasi kupitia dirishani. Lawama yote inamwangukia Landry. Mtumishi mweusi mpenda umbeya, Efrem, ndiye anayemsingizia, akitumaini kwamba wazungu watamwona mwenzao. Lakini kundi lenye kiu ya damu, lilipochoka kuwatafuta akina Landry porini, lilimuua yeye kwanza. Hatimaye Landry na mkewe wanakamatwa na kunyongwa. Mtoto wao mdogo anaponyoka na kutoroka juu ya farasi.

Wakati huo huo, nyumbani, ndugu wa tajiri aliyeuawa anamkamata Sylvia na kutaka kumharibu kwa nguvu. Anaporarua nguo yake anaona kovu, na kwa kovu hilo anatambua kwamba msichana huyo ni binti yake wa damu, aliyezaa na mwanamke mweusi.

Msomaji utaona Micheaux alichokifanya. Griffith aliwaambia Wamarekani kwamba mwanamke mweupe yumo hatarini kwa sababu ya mwanamume mweusi. Micheaux aliishika hadithi hiyo hiyo na kuigeuza kama nguo, akaonyesha mshono wa ndani: ni nani hasa, tangu enzi za utumwa, aliyekuwa akiingia katika nyumba za wengine kwa nguvu. Wala hakuishia hapo. Alionyesha kwamba nyuma ya ghadhabu ya kundi kulikuwa na hesabu za pamba. Kwamba mtu hakuuawa tu kwa rangi yake, bali pia kwa kujua kujumlisha na kutoa.

Bodi ya ukaguzi wa filamu ya Chicago iliikataa mara ya kwanza. Wazungu na weusi pia walihofu kwamba ingewasha tena moto ambao majivu yake yalikuwa bado na joto. Baada ya kuonyeshwa upya na mabishano marefu, iliruhusiwa. Katika miji kadhaa ya Kusini wenye majumba waliogopa kuipokea. Micheaux, mchuuzi aliyekomaa, aliyageuza mabishano hayo kuwa tangazo.

BIASHARA YA MKOBA

Alifanyaje kazi mtu huyu asiye na studio wala benki nyuma yake? Jibu lake lingemfurahisha fundi yeyote wa mtaani. Alisafiri mji kwa mji akiwa na mswada na picha za waigizaji, pengine pamoja na waigizaji wenyewe, akawatembelea wenye majumba ya sinema ya weusi. Waigizaji waliigiza sehemu kidogo papo hapo ofisini. Mwenye jumba akipendezwa, alilipa malipo ya awali ili filamu ikikamilika aipate mapema. Kwa fedha hiyo filamu ikatengenezwa. Nyumba za marafiki ziligeuzwa kuwa jukwaa. Tendo lililokosewa mara nyingi halikurudiwa, kwa kuwa ukanda wa filamu ulikuwa na bei. Kisha akabeba nakala chache alizoweza kuzilipia, akazungusha kutoka jumba hadi jumba. Kule Kusini, baadhi ya majumba ya wazungu yaliwafungulia weusi usiku wa manane tu.

Alijua pia kwamba watu wanahitaji wa kuwashangilia. Evelyn Preer, aliyekuwa Sylvia, alikuwa nyota wake wa kwanza. Lorenzo Tucker alitangazwa kama Valentino mweusi, kwa kumfananisha na kipenzi cha Hollywood. Kwa mara ya kwanza mfanyakazi wa kiwandani alimwona ‘stelingi’, kama wapenzi wa sinema wa Dar es Salaam walivyozoea kumwita shujaa wa filamu, akiwa na rangi ya ngozi yake: wakili, daktari, mpelelezi, mkulima mwenye hati ya shamba.

Mwaka 1925 aliwapa watazamaji sura nyingine mpya. Paul Robeson, mwana wa mtumwa aliyetoroka na kuwa mchungaji, alicheza filamu yake ya kwanza kabisa chini ya Micheaux. Filamu hiyo, Body and Soul, yaani Mwili na Roho, ilimweka katika nafasi mbili: mfungwa mtoro anayejifanya mchungaji na kuwaibia waumini, na ndugu yake aliye mwema. Wakaguzi wa New York waliikataa mpaka Micheaux alipoikatakata na kuibadili.

Jina la Robeson lina njia yake ya kufika hata kwetu. Miaka ya 1930 aliishi London, akasoma lugha za Kiafrika, Kiswahili kikiwamo. Mwaka 1935 alicheza katika filamu ya Waingereza, Sanders of the River, ambamo Jomo Kenyatta, wakati huo akiishi London, naye alipata nafasi ndogo. Robeson aliamini kwamba anashiriki kuonyesha heshima ya Mwafrika. Filamu ilipotoka, alikuta imekuwa wimbo wa kuusifu utawala wa kikoloni, na baadaye aliijutia. Basi linganisha, msomaji. Mwigizaji ni yule yule, sauti na kimo ni vile vile. Filamu ya kwanza ilikuwa ya senti chache, nayo ilimchukulia mtu mweusi kama mtu kamili awezaye kuwa mwema au mwovu. Ya pili ilikuwa na fedha tele, ikamfanya pambo la bendera ya mwingine. Ngozi ya ngoma ilivutwa na wawambaji tofauti.

KASORO NA KUSHUKA

Tusimgeuze Micheaux kuwa malaika. Filamu zake nyingi zina makosa ya wazi: mwanga mbaya, waigizaji wanaokariri, hadithi zinazokatika. Baadhi ya hayo yalitokana na umaskini, mengine na haraka yake mwenyewe. Aidha, wengi wamemlaumu kwamba mashujaa wake walikuwa na ngozi nyepesi, na waovu mara nyingi walikuwa weusi zaidi. Mwaka 1938 filamu yake God's Step Children, inayomhusu msichana anayewakana watu wake mwenyewe, ilipingwa kwa maandamano mjini Harlem hata ikaondolewa. Waandamanaji walisema inawagawa weusi kwa kipimo cha rangi. Mtu aliyeujibu ubaguzi wa nje hakuwa amesalimika na ule unaopenya ndani ya nyumba. Na hilo ni onyo kwa kila mmoja wetu.

Pigo kubwa zaidi lilitoka katika mitambo. Mwaka 1928 kampuni yake ilifilisika. Punde sinema ikapata sauti; vyombo vya kurekodia vikawa ghali kuliko uwezo wa mchuuzi wa mkoba. Uchumi wa dunia ukaanguka, na watazamaji wake, vibarua wa viwandani, wakawa wa kwanza kufukuzwa kazi. Makampuni ya watengeneza filamu weusi yakafa moja baada ya jingine. Micheaux alisalia, lakini kwa kupokea mtaji wa wazungu wenye majumba ya burudani. Mwaka 1931 alitoa The Exile, filamu ndefu ya kwanza yenye sauti kuongozwa na mtu mweusi. Alisimama pamoja naye mkewe wa pili, Alice B. Russell, aliyekuwa mwigizaji na msaidizi wake katika uzalishaji. Ndiye aliyevumilia miaka ya madeni.

Katika miaka ya 1940 alirudia kuandika vitabu na kuviuza kwa miguu, kama alivyoanza. Mwaka 1948 alijaribu mara ya mwisho, filamu ya zaidi ya saa tatu iitwayo The Betrayal, yaani Usaliti. Wahakiki waliikejeli, nayo ikashindwa. Tarehe 25 Machi, 1951, akiwa safarini katika mji wa Charlotte, North Carolina, Oscar Micheaux alifariki dunia akiwa na umri wa miaka 67. Hakuacha mali.

KILICHOBAKI

La kusikitisha zaidi ni lile lililofuata. Sehemu kubwa ya filamu zake imepotea, The Homesteader ikiwamo. Nakala zilikuwa chache, zilizungushwa mpaka zikachakaa, na hakukuwa na ghala wala taasisi iliyoona kwamba kazi za mtu mweusi zinastahili kutunzwa. Filamu zipatazo 15 tu ndizo zilizosalia, nyingine zikiwa vipande.

Within Our Gates ilidhaniwa kuwa imetoweka kabisa, mpaka nakala moja ilipogunduliwa nchini Hispania katika miaka ya 1970, ikiwa na jina La Negra na karibu maelezo yake yote kwa Kihispania. Maktaba ya Bunge la Marekani iliirejesha, ikayatafsiri upya maelezo hayo kwa Kiingereza, na kuikamilisha mwaka 1993. Filamu nyingine ya mwaka 1920, The Symbol of the Unconquered, ilikutwa Ubelgiji. Kwa hiyo nchi iliyozaa kazi hizo ilirudishiwa na wageni. Heshima nazo zikafuata: nyota yenye jina lake iliwekwa Hollywood mwaka 1987, na mwaka 2010 serikali ya Marekani ikatoa stempu yenye picha yake.

Je, Micheaux alikosea alipokataa kuuza hadithi yake mwaka 1918? Angekubali, huenda angepata fedha na usingizi mzuri. Lakini asingekuwapo mtu wa kuonyesha daftari la Landry mbele ya mji uliotoka kumwaga damu. Filamu yenye kasoro, iliyotengenezwa na mwenye hadithi, iliweza kusema neno ambalo matajiri wa Hollywood, pamoja na taa zao zote, hawakuthubutu kulisema.

Somo la pili linatuhusu sisi tulioketi nyumbani. Kutengeneza ni nusu ya kazi; nusu nyingine ni kutunza. Micheaux alishinda katika la kwanza, na jamii yake ikashindwa katika la pili. Kama ndani ya kabati lako mna picha za wazazi, barua za babu aliyefanya kazi relini, au kanda yenye sauti ya bibi akisimulia, ziandike majina na miaka, zikinge na unyevu na mchwa, na wafundishe watoto ni za nani. Ukiziacha zioze, atakuja mwingine kuisimulia familia yako. Naye, kama kila mwamba ngoma, ataivuta ngozi kwake.